Je, Wajua? Sekunde 19, Namba ya Bure na Mahakama Kuu ya Garsen

Sogea kidogo nipate pa kukaa. Basi la Lamu halijafika Garsen bado, ndoo yako ya maembe haina haraka, na mimi nina mambo ya kukusimulia kuhusu watoto na simu. Mengine yatakuudhi. Mengi yatakufanya useme "kumbe!" na kumgonga jirani yako kwa kiwiko.

Tuanze na la kasi. Je, wajua kwamba mtu asiyejulikana anaweza kuanza kuongea na mtoto ndani ya mchezo wa mtandaoni na kuyafikisha mazungumzo mahali pa hatari kwa sekunde 19 tu? Kumi na tisa! Muungano wa kimataifa wa WeProtect uliitoa takwimu hiyo mwaka 2023. Kwa wastani, ukasema, mtego hukamilika kwa dakika 45. Ni kipindi kimoja cha mpira. Refa akipuliza mapumziko, kazi imekwisha.

Je, wajua kwamba katika kila watumiaji watatu wa intaneti duniani, mmoja ni mtoto? UNICEF ilisema hivyo mwaka 2017. Sisi wakubwa tunajiona wenye mji, kumbe theluthi ya mji ni wanafunzi.

Na hapa kwetu? Sensa ya 2019 iliwahesabu watu 315,943 katika Kaunti ya Tana River, kwenye ardhi ya zaidi ya kilomita za mraba 35,000. Gawa mwenyewe: hawafiki watu kumi kwa kila kilomita ya mraba. Mfugaji wa Kiorma anaweza kutembea nusu siku asimwone jirani, na mtoto wake chini ya mwembe akawa anachati na mtu aliye Manchester.

Je, wajua kwamba kebo ya kwanza ya intaneti ya chini ya bahari ilifika Kenya mwaka 2009? TEAMS ilitua Mombasa mwezi Juni, Seacom ikafuata Julai. Kabla ya hapo tulikuwa tukipitia setilaiti, taratibu na kwa bei ya kuumiza. Mtoto aliyezaliwa Ngao mwaka huo ana umri mmoja na kebo.

Sensa hiyohiyo ya 2019 ilikuta kwamba Wakenya waliokuwa wakitumia intaneti, kuanzia umri wa miaka mitatu, walikuwa asilimia 22.6 tu. Sasa sikiliza hii. Utafiti wa ECPAT, INTERPOL na UNICEF uliotolewa mwaka 2021 ulikuta kwamba kati ya watoto wa Kenya wa miaka 12 hadi 17, asilimia 67 wako mtandaoni. Unaona nani ametangulia nani?

Utafiti huo uliwahoji watoto 1,014 wanaotumia intaneti. Je, wajua walisema nini? Kati ya asilimia 5 na 13 walikuwa wamekumbana na unyanyasaji wa kingono mtandaoni katika mwaka mmoja tu uliopita. Chukua darasa la watoto 50 wenye simu: ni watatu, au hata sita. Wanakaa dawati moja na wako.

Unataka namba ya dunia nzima? Watafiti wa Childlight, katika Chuo Kikuu cha Edinburgh, walikadiria mwaka 2024 kwamba zaidi ya watoto milioni 300 hukumbwa na madhila haya kila mwaka. Kenya yetu ilihesabiwa watu milioni 47.6 mwaka 2019. Ni Kenya sita, na chenji inabaki.

Sasa shika benchi. Unadhani mtegaji ni mzee wa ng'ambo aliyejifungia chumbani? Utafiti ule wa 2021 ulikuta kwamba mara nyingi mtoto anamfahamu anayemnyanyasa. Na mitandao iliyotajwa zaidi si ya siri wala ya kutisha: ni Facebook na WhatsApp, ileile unayotumia kuulizia bei ya mbuzi.

Hilo wala si jipya pwani. Mwaka 2006, UNICEF na serikali ya Kenya walichunguza unyonyaji wa kingono wa watoto Mombasa, Kilifi, Diani na Malindi, hapo tu tunapopeleka maembe. Walikadiria wasichana 10,000 hadi 15,000. Je, wajua kundi kubwa kuliko yote la waliowanunua lilitoka wapi? Kenya! Asilimia 38. Waitaliano walikuwa 18, Wajerumani 14. Lakini kila tukizungumza jambo hili barazani, tunamtafuta mzungu kwanza.

Ngoja nikuonyeshe inavyoanza, maana haianzi kwa matusi. "Mambo mrembo, picha yako ya profaili imetulia." Kimya cha siku moja. "Uko kidato cha ngapi?" Kisha inaingia bando ya shilingi 20, ambayo hakuna aliyeiomba. "Nimekutumia tu, usijali." Halafu linakuja swali dogo ambalo mimi ningelichora kwa rangi nyekundu: "Hii simu ni yako au ya mama?" Baada yake: "Futa hizi meseji." Mtu mzima anayemwambia mtoto afute meseji amekwisha kujieleza.

Je, wajua kwamba watoto wengi yakiwafika hawamwambii mtu mzima yeyote? Utafiti wa 2021 ulikuta wengine humwambia rafiki, wengine hawamwambii yeyote, na wanaofika polisi au kupiga simu ya msaada ni wachache mno. Mtegaji anaitegemea aibu hiyo kuliko anavyoitegemea intaneti yenyewe. Nami nitakwambia bila kuogopa kuchukiwa: mzazi anayempokonya binti yake simu siku anayokuja kumwambia, anamfanyia mtegaji kazi yake.

Na wavulana je? Unacheka? Usicheke. Kati ya Oktoba 2021 na Machi 2023, FBI ya Marekani ilipokea taarifa zaidi ya 13,000 za watoto kutishwa ili watoe pesa, la sivyo picha zao za utupu zitasambazwa. Waathiriwa walikuwa angalau 12,600, na wengi wao walikuwa wavulana. Mtegaji hujifanya msichana mzuri, na barobaro anayejiona mjanja wa stendi anaingia mzimamzima.

Biashara hiyo inakua haraka ajabu. Kituo cha Marekani cha watoto waliopotea na wanaonyonywa, NCMEC, kilipokea ripoti 10,731 za vitisho vya namna hiyo mwaka 2022. Mwaka 2023 zikawa 26,718. Mwaka mmoja tu!

Haya, vuta pumzi. Sasa yanakuja ya kufurahisha, maana upande wa pili nao haujalala.

Je, wajua kwamba Kenya ilipiga marufuku picha za ngono za watoto kabla Facebook haijafunguliwa kwa watu wote? Sheria ya Makosa ya Ngono ilipitishwa na kutiwa saini Julai 2006. Facebook ikafungua milango kwa umma Septemba mwaka huohuo. iPhone ilikuwa haijazaliwa. M-Pesa ilikuwa haijazaliwa, ilikuja Machi 2007. WhatsApp ilikuja 2009. Tulikuwa na sheria kabla ya zana zenyewe!

Aliyeupeleka mswada huo Bungeni alikuwa mbunge wa kuteuliwa, Njoki Ndung'u. Leo ni jaji wa Mahakama ya Juu. Adhabu aliyotuachia kwa picha hizo: kifungo kisichopungua miaka sita, au faini isiyopungua shilingi 500,000, au vyote viwili. Akirudia, hakuna tena nafasi ya kulipa faini.

Unaona ni ndogo? Subiri. Sheria ya Matumizi Mabaya ya Kompyuta na Uhalifu wa Mtandaoni ya 2018 ilipandisha hadi miaka 25 jela, au shilingi milioni 20, au vyote viwili. Milioni ishirini kwa noti za elfu moja ni noti 20,000. Zihesabu kwa mkono uone kama basi la Lamu halitakupita.

Na je, wajua kwamba kosa chini ya sheria hiyo si kupiga picha tu? Kupakua ni kosa. Kusambaza ni kosa. Hata kuihifadhi kwenye simu ni kosa. Kwa hiyo yule ndugu anayerusha video ya mtoto kwenye kundi la kijiji na kuandika "jamani tazameni dunia ilivyoharibika" anafaa kuufunga mdomo, na simu yake pia.

Hii nayo wengi hawaijui kabisa. Sheria ya Watoto ya 2022 inamfanya mtu kuwa mkosaji kwa kutumia simu au mtandao kumwomba mtoto wakutane kwa ajili ya ngono. Kumwomba! Si lazima wakutane, si lazima amguse. Meseji tu inatosha kumpeleka kizimbani.

Mtu akijidai, "Basi mimi nilifanya nikiwa Dubai," je? Sheria ile ya 2006 inamfuata. Raia wa Kenya au mkazi wa kudumu akitenda kosa la ngono nje ya nchi, anaweza kushtakiwa hapa kana kwamba alilitendea Garsen sokoni.

Je, wajua kwamba shule ya Nairobi ilitozwa faini ya shilingi 4,550,000 kwa kuchapisha picha za wanafunzi bila idhini ya wazazi? Picha za kawaida tu, za watoto wa shule. Ilikuwa Septemba 2023, na aliyeitoza ni Kamishna wa Ulinzi wa Data. Mwalimu, nakuona umenyamaza.

Kwa nini picha za kawaida? Kwa sababu mwaka 2023 Internet Watch Foundation ya Uingereza ilipekua jukwaa moja tu la siri la wahalifu, kwa mwezi mmoja tu, ikakuta picha 20,254 zilizotengenezwa kwa akili mnemba. Zana hizo zinaweza kuchukua sura ya mtoto aliyevaa sare na kuibandika palipo uchafu.

Afrika nayo ina mkataba wake wa usalama wa mtandao, uliopitishwa Malabo, Guinea ya Ikweta, Juni 2014. Je, wajua ulianza kufanya kazi lini? Juni 2023. Miaka tisa! Ulihitaji nchi 15 kuuridhia, na zilikuja kwa mwendo wa kobe.

Mkataba wa kwanza wa kimataifa kutaja kosa la kumrubuni mtoto kwa mtandao ni wa Ulaya, wa Lanzarote, mwaka 2007. Nchi ya kwanza nje ya Ulaya kujiunga? Tunisia, Waafrika wenzetu.

Sasa njoo karibu zaidi, kuna hadithi ya Sweetie. Mwaka 2013 shirika la Terre des Hommes la Uholanzi lilimtengeneza msichana wa miaka 10 wa Kifilipino kwa kompyuta. Hakuwa mtu, alikuwa mchoro unaotembea na kuongea. Wakamweka kwenye vyumba vya kuchati kwa wiki kumi. Je, wajua ni wanaume wangapi walimwendea? Zaidi ya 20,000! Elfu moja kati yao walitambuliwa kwa majina, kutoka nchi 71, na orodha ikakabidhiwa polisi. Walidhani wanamtega mtoto, kumbe wametegwa na katuni.

Na hii je? Mwaka 2009, Microsoft na profesa Hany Farid walitengeneza kitu kinachoitwa PhotoDNA. Kinaichukua picha ya unyanyasaji iliyokwisha kujulikana, kinaigeuza rangi nyeusi na nyeupe, kinaikata vipande vya mraba, kisha kinapima mwanga wa kila kipande na kuandika mlolongo wa namba. Namba hizo ni za picha hiyo pekee. Mhalifu akiibadilisha ukubwa au kuichezea rangi kidogo, bado inatambulika. Kampuni kubwa za mitandao huzikagua picha zinazopandishwa kwa njia hiyo, na hakuna mfanyakazi anayelazimika kuitazama ile picha tena.

Kwa mtindo huohuo, Februari 2023 NCMEC ilianzisha huduma ya bure iitwayo Take It Down. Mtoto aliyetumiwa vitisho anaichagua picha kwenye simu yake mwenyewe. Picha haiondoki kwenye simu, sikiliza vizuri, haiondoki! Kinachotoka ni ile namba tu, na mitandao iliyojiunga huitafuta na kuiondoa. Huhitaji kutaja jina lako. Ningekuwa na uwezo ningelibandika tangazo lake kwenye kila ubao wa matangazo kutoka Kipini hadi Bura.

Lakini kwangu mimi, bingwa wa yote ni Europol, shirika la polisi la Umoja wa Ulaya. Tangu Juni 2017 inachapisha vipande vidogo vya picha za unyanyasaji baada ya kumwondoa mtoto na kila kitu kibaya. Kinabaki kitu cha kawaida kilichokuwa nyuma: mfuko wa duka, bomba la bafuni, pazia, nembo kwenye fulana. Kisha inawauliza watu wa dunia nzima, "Hiki umekiona wapi?" Wewe unayejua kila kitenge kinauzwa duka gani, unaweza kuwa mpelelezi wa kimataifa ukiwa umekaa hapahapa. Watoto wameokolewa kwa sababu mtu fulani mahali fulani aliujua mfuko.

Unauliza ripoti za picha za namna hii huishia wapi? NCMEC ilianza kupokea ripoti za mtandaoni mwaka 1998. Mwaka 2023 pekee ilipokea milioni 36.2. Gawa kwa siku 365: karibu 99,000 kila siku, Ijumaa na Jumapili zikiwemo. Zinazohusu Kenya hutumwa kwa makachero wetu wa DCI, ambao wana kitengo maalumu cha kupambana na usafirishaji haramu wa binadamu na kulinda watoto. Kitengo hicho kina ofisi Mombasa pia.

Je, wajua kwamba waliokuwa wakiondoa uchafu wa Facebook kwa ajili ya Afrika Mashariki walikaa Nairobi? Vijana hao walizitazama picha na video mbaya kuliko zote ili wewe usizione. Desemba 2024 ilijulikana kupitia nyaraka za mahakama kwamba zaidi ya 140 kati yao walikutwa na msongo mkali wa akili unaotokana na kiwewe, wakipimwa na daktari wa Hospitali ya Taifa ya Kenyatta. Usafi huu una wafagiaji, na wanaumia.

Haya, toa simu yako. Usiogope, sikuangalii salio.

Je, wajua kwamba ukimripoti mtu kwenye WhatsApp, kampuni hupokea meseji tano za mwisho alizokutumia, na yeye haambiwi kitu? Kwa hiyo ripoti kwanza, halafu ndipo umfungie. Wengi hufungia wakakimbia, na mtegaji anahamia kwa mtoto wa jirani.

Tangu 2019 unaweza pia kuamua nani anaruhusiwa kukuingiza kwenye kundi la WhatsApp. Nenda kwenye mipangilio, faragha, makundi. Chagua walio kwenye namba zako tu. Dakika moja, na binti yako haburutwi tena hadi kundi la wageni 200 saa tano za usiku.

Zile picha za "kutazama mara moja"? Simu ya pili ikiwekwa mbele ya ile ya kwanza inazipiga kama kawaida. Mara moja ni jina tu.

Je, wajua kwamba picha inaweza kubeba ndani yake mahali ilipopigwa, kwa vipimo vya ramani? Simu huviandika yenyewe kama eneo limewashwa kwenye kamera. WhatsApp huvifuta picha inapotumwa kwa njia ya kawaida, lakini ukiituma kama faili, vinakwenda navyo. Mpokeaji anajua ulikuwa Tarasaa, na upande gani wa Tarasaa.

Kwa nini mitandao mingi huweka umri wa kuanzia kuwa miaka 13? Ungedhani wataalamu wa watoto walikaa wakakubaliana. Wapi! Umri huo unatoka kwenye sheria ya Marekani ya mwaka 1998 inayozuia kampuni kukusanya taarifa za watoto wa chini ya miaka 13 bila wazazi kukubali. Ilihusu taarifa, na TikTok ilikuwa bado haijaota.

TikTok yenyewe hairuhusu walio chini ya miaka 16 kutumiana meseji za faragha, na tangu Januari 2021 akaunti zao huwa za faragha tangu mwanzo. Kurusha matangazo mubashara kunahitaji miaka 18. Ajabu ni kwamba akaunti humsadiki mtoto mwaka wa kuzaliwa anaoandika mwenyewe! Machi 2025 BBC iliripoti kuhusu matangazo mubashara ya ngono kutoka Kenya yaliyowahusisha wasichana wa hata miaka 15, wakilipwa kwa zawadi za vikatuni. Kampuni ilijibu kwamba haivumilii unyonyaji kabisa. Mwezi uliofuata Mamlaka ya Mawasiliano ya Kenya ilitoa miongozo ya kulinda watoto mtandaoni kwa kampuni zote za sekta hiyo.

Australia ilichoka kubembeleza. Tangu tarehe 10 Desemba 2025, mitandao mikubwa ya kijamii haitakiwi kuwa na akaunti ya mtoto wa chini ya miaka 16 nchini humo. Faini inafika dola milioni 49.5 za kwao, na inalipwa na kampuni, si mzazi wala mtoto. Hapo nilipiga makofi peke yangu.

Na watoto wenyewe, je, waliulizwa? Waliulizwa! Umoja wa Mataifa ulipoandika mwongozo wake wa haki za watoto mtandaoni, uliotoka Machi 2021, ulisikiliza zaidi ya watoto na vijana 700 wa nchi 28. Kisha mwaka 2023 Siku ya Mtoto wa Afrika, ile ya Juni 16, ikabeba mada hiyohiyo: haki za mtoto katika ulimwengu wa kidijitali.

Sasa turudi nyumbani kabla basi halijapiga honi. Je, wajua kwamba Garsen hii, pamoja na vumbi lake na mbuzi wake barabarani, ina Mahakama Kuu? Naam, Mahakama Kuu ya Kenya ya Garsen. Wengine hupita hapa kila wiki wakielekea Lamu, wakadhani jaji wa karibu yuko Malindi.

Mtegaji akidai pesa ili asisambaze picha, je, wajua kwamba M-Pesa humwekea kumbukumbu? Kila muamala una msimbo wa herufi na tarakimu 10, pamoja na jina la aliyepokea na saa. Anajificha kwenye Facebook kwa jina la bandia, kisha anapokea pesa kwa laini iliyosajiliwa kwa kitambulisho. Usimtumie hata shilingi. Na kama mtoto alikwisha kutuma, ile meseji ni dhahabu, msiifute.

Picha ya skrini je, mahakama inaikubali? Sheria ya Ushahidi ya Kenya ina kifungu cha 78A, kilichoingizwa mwaka 2014, kinachokubali ushahidi wa kielektroniki. Piga picha ya mazungumzo, namba, jina la akaunti na tarehe. Kilicho na utupu wa mtoto usikinakili wala usikitume kwa yeyote. Kiache kilipo, peleka simu yenyewe polisi.

Na ikiwa mtoto alikwisha kukutana na mtu huyo akadhulumiwa, kuna saa inayokimbia. Dawa za kuzuia virusi vya HIV zinatakiwa kuanza ndani ya saa 72. Hospitali kwanza, fomu ya P3 ya polisi inaweza kufuata. Najua siku ambazo Tana imefurika na barabara imekatika, saa 72 huisha mtu akiwa bado anatafuta mtumbwi, kwa hiyo usiku wa kwanza ndio wa kupiga simu, si asubuhi ya tatu baada ya kikao cha wazee.

Simu gani? Ziko mbili, zote bure. Ya kwanza ni 1195, ya dhuluma za kijinsia. Ya pili ni 116, ya watoto, iliyofunguliwa mwaka 2006 na Childline Kenya ikishirikiana na idara ya serikali ya watoto. Usiku na mchana. Mulika mwizi inatosha, salio likiwa sufuri pia inaita, na mtoto anaweza kupiga mwenyewe bila mzazi kusimama pembeni.

Je, wajua kwamba Childline ya Uingereza ilipofunguliwa mwaka 1986, usiku wa kwanza simu 50,000 zilijaribu kuingia? Hakuna aliyewalazimisha watoto wale. Walikuwa wakingoja namba.

Na kama una mpwa Tanga au shangazi Kampala, usihangaike kutafuta namba nyingine. Tanzania ni 116. Uganda ni 116. Honi hiyo, beba maembe yako.